Ua Usio na Paa

Nilipofika Crystal, kamji ka huku Minnesota, Jumamosi ile, mwaloni ulikuwa umeshalala chini, na wanaume wa kanisa letu walikuwa wamekaa juu ya shina lake wakinywa chai ya maziwa. Mmoja alikuwa na andazi mkononi. Waliponiona nikishuka garini walipiga makofi. Mwenyekiti wa kamati ya ujenzi, mzee wa kanisa ambaye siku za kazi ni msimamizi wa wauguzi, aliinuka akajipangusa unga wa mbao kwenye suruali.

"Surprise, architect wetu!" akasema. "Tumeku-clear-ia compound. Contractor akikuja Monday anapata place iko safi kabisa."

Mimi si mtu wa kukosa maneno, muulize mume wangu. Siku hiyo miguu iliyatangulia. Nilizunguka ule mti kama mtu anayezunguka ajali barabarani. Majani yalikuwa bado mabichi, hayajajua kwamba mambo yamekwisha. Shina lilikuwa pana kuliko meza yetu ya kulia chakula, na walikuwa wamelikata vizuri, nitawapa hiyo haki yao, kwa msumeno wa mashine walioazima kwa jirani wa mwenyekiti.

"Nani amewaambia mkate?" niliuliza hatimaye.

"Dada, usijali. Hii ni kazi ya Mungu, hatu-charge kitu."

Wakacheka. Damu ikanipanda kichwani. Niliwaambia maneno ambayo binti aliyelelewa vizuri hawaambii wazee wa kanisa, na siyajutii hata moja. Yule mwenye andazi aliliweka chini taratibu.

Lazima nieleze mti ule ulikuwa wa kazi gani, maana najua wapo watakaosema mti ni mti, Minnesota imejaa miti.

Kwa miaka mingi tulisali katika ukumbi wa kupanga ulio chini ya ardhi, usio na dirisha hata moja. Watu walitoka zamu ya usiku katika nyumba za kutunzia wazee wakaingia mle, wakaimba, wakala, na wakati wa baridi wakitoka nje wanakuta jua linakaribia kuaga. Wiki nzima hawajaona mbingu. Ndipo kanisa likanunua lililokuwa duka la mazulia huko Crystal, jengo la matofali lisilo na uzuri wowote, lakini nyuma yake kulikuwa na kiwanja, na katikati ya kiwanja ulisimama mwaloni. Mimi ni msanifu majengo. Nikaombwa nichore, bure bila shaka, na nikakubali kabla hawajamaliza kuomba.

Nilikubali kwa sababu ya mama yangu. Aliletwa huku kunisaidia kulea watoto, na watoto wamekua, sasa wanamwelewa lakini wanamjibu kwa Kiingereza. Anaishi nasi Hopkins, ghorofa ya pili, katika jengo la zamani ambalo dirisha lake linatazama magari yaliyoegeshwa. Huyu ni mwanamke aliyefundisha shule ya msingi maisha yake yote, aliyetulea kwa Kiswahili sanifu ili mwalimu yeyote asitucheke, aliyekuwa akitoka nyumbani alfajiri na kurudi na matope hadi magotini. Sasa alikuwa akishinda ndani na koti mwilini. Nilimwona akikauka mbele ya macho yangu. Nilitaka mahali ambapo angekaa nje na bado akawa miongoni mwa watu. Nilichokuwa nakitaka kilikuwa hicho tu, na sikukiona kuwa kikubwa.

Wazo lenyewe nililitoa Japani, na huko ndiko hasira yangu ilikoanzia, kabla hata ya mwaloni.

Nilikwenda nikiwa mwanafunzi wa chuo kikuu hapa Minnesota, na profesa wetu alitupeleka kuona nyumba za siku hizi. Moja sitaisahau. Ilikuwa mpya, na ilikuwa imevunjwa vipande kwa makusudi. Chumba cha kulala huku, jikoni kule, bafu kule zaidi, na katikati ua usio na paa, wenye mti mmoja. Kuta zilikuwa za mbao zilizochomwa moto juujuu hadi zikawa nyeusi, ili mvua na wadudu wasizile. Upenu ulikuwa mrefu, na chini yake kulikuwa na baraza ya mbao, usawa wa goti, ambayo wao wanaiita engawa. Ukikaa pale hupo ndani wala hupo nje. Kila mlango ulikuwa na mwavuli wake.

Mvua ilikuwa inanyesha. Mwenye nyumba, mama wa makamo, alifungua mwavuli, akavuka ua kutoka jikoni na trei ya chai, akafika kwetu na vidole vya miguu vimelowa. Alikuwa anatabasamu. Profesa wetu nusura alie. Akatuambia kwamba hawa ndio watu ambao hawajagombana na maumbile, kwamba katika nyumba hii mvua ni mmoja wa familia. Wenzangu waliandika maneno hayo mbiombio.

Mimi nilikuwa nasikiliza matone kwenye majani na moyoni nilikuwa Kisii, kwetu Kenya, kwa nyanya yangu, mzaa mama. Jikoni kule, nyumba kubwa huku, choo kule zaidi, na katikati ua. Mvua ya alasiri ikianza, tulikuwa tunavuka mbio na sufuria, tukiteleza, tukicheka. Nyumba ilikuwa ni ileile! Tofauti ni kwamba hakuna profesa aliyepanda ndege kuja kulia kwenye ua wa nyanya. Walikuja watu wa miradi wakiwa na viatu vya mpira, wakamwambia kwamba nyumba ya kisasa ina jikoni ndani na choo ndani, na kwamba anaishi kizamani. Mjapani akivuka ua kwenye mvua ni falsafa. Nyanya yangu akivuka ni umaskini. Mkuki kwa nguruwe.

Wajapani hawakunikosea kitu. Yule mama alikuwa amechagua kulowa vidole, na nilimheshimu kwa hilo. Waliokuwa wakinitia hasira ni hawa wetu wa huku, wanaomeza kila kitu mradi kimepitia Tokyo. Ofisi ninayofanyia kazi iko Plymouth, hapahapa Minnesota, na siku hizi kila mteja anataka jengo lenye "moyo wa Kijapani." Moyo wenyewe ni nini? Tuliwahi kuweka, mahali pa kupokelea wageni katika jengo moja, ukuta mzima wa yale majani madogo yanayoota juu ya mawe yenye unyevu. Yalikuwa yamekaushwa na kupakwa rangi ya kijani. Hayanyweshwi, hayakui, hayafi kwa kuwa yalikufa zamani. Mkuu wangu alisimama mbele ya ule ukuta, akavuta pumzi ndefu kama yuko msituni, akasema unamtuliza. Nilikwenda chooni nikaosha uso kwa maji baridi.

Kwa hiyo nilipopewa kiwanja cha Crystal nilijiambia, sasa nitajenga ua wa nyanya yangu, na nitausimamisha mbele ya watu bila aibu na bila kusingizia Japani. Duka la mazulia lingekuwa mahali pa ibada. Ng'ambo ya ua ningejenga jikoni, maana kwetu ibada isiyo na chakula ni mkutano tu. Akina mama wangevuka na sufuria zao kando ya mwaloni, wakaingia ukumbini. Kuzunguka ua ningeweka upenu mrefu na baraza ya mbao, na kwenye baraza hiyo, upande unaopata jua la asubuhi, mama yangu angekaa. Theluji ingeanguka uani na watu wangeiona. Mvua ingeanguka na watu wangeisikia. Sikuwahi kuchora kitu kwa furaha kama ile.

Kamati haikufurahi hivyo.

"Dada, hiyo life ya ku-run kwa mvua ndiyo ilitutoa home," mwenyekiti alisema siku nilipotandaza michoro mbele ya waumini. "Sasa umesoma vile vyote ndio uturudishe kwa matope?"

"Hakuna matope, mzee. Ni mawe. Na njia itapashwa joto chini ili barafu isishike."

"Na insurance? Mtu aki-slip?"

Nilijibu yote. Nilizungumza juu ya uzito wa theluji, juu ya mifereji, juu ya yule mama wa Japani na vidole vyake. Nilizungumza sana juu ya nyanya yangu. Nilisema nyumba yake haikuwa na kasoro, kasoro ilikuwa kwenye macho ya waliomcheka. Hapo nikaona wanawake wakitikisa vichwa kwa kukubali, na nikajua nimewapata. Mama yangu, aliyekuwa amekaa safu ya nyuma, aliinua mkono kama mtoto wa shule.

"Kutoka jikoni kwenda ukumbini," aliuliza, "mtu atapita wapi?"

"Hapo uani, mama. Kando ya mti."

"Na mvua ikinyesha?"

"Mvua itanyesha," nikasema, na watu wakacheka kwa furaha, wengine wakapiga makofi. Mama alishusha mkono. Michoro ikapitishwa.

Sasa rudi nami kwenye ile Jumamosi, mimi nimesimama mbele ya shina, chai inapoa.

"Mlipitisha mchoro," nilimwambia mwenyekiti. "Mti uko kwenye mchoro. Mti ndio mchoro! Mngekata kitu kingine chochote, mngekata hata hilo duka."

Alitazama viatu vyake. Ni mtu mpole, na upole wake ulizidi kunichoma.

"Ni radi, dada," akasema kwa sauti ya chini.

"Radi gani?"

"Hiyo mti ni ndefu kushinda nyumba yote hapa. Na watu wanapita chini yake na sufuria. Wewe ni wa kwetu, unajua radi ya kwetu."

Naijua. Kila mtu wa milima ya Kisii anaijua. Kule mvua haiji bila hiyo, na kila kijiji kina ng'ombe, au darasa, au mtu aliyepigwa nayo. Ukimwambia mtu wa kwetu neno hilo hakuulizi swali la pili, anachukua shoka. Lakini hapa ni Crystal! Nilimwambia kwamba kwenye paa nimechora fimbo za chuma za kuipeleka ardhini, kwamba halmashauri ya mji haitoi kibali bila kukagua kila kitu, kwamba mwaloni ule ulikuwa umesimama hapo tangu kabla hajazaliwa baba yake. Nilimuuliza kama wauguzi anaowasimamia wanatibu wagonjwa kwa hofu za kijijini. Hilo nililisema kwa kuumiza, na liliumiza.

"Si mimi nilianza," akasema. "Ni mama alinipigia."

"Mama gani?"

"Mama yako."

Kikulacho ki nguoni mwako. Niliingia garini bila kuaga, nikaendesha kutoka Crystal hadi Hopkins nikiongea peke yangu kwa sauti, na maneno niliyokuwa nikiyatayarisha yalikuwa makali.

Alikuwa jikoni anakata sukuma wiki, amekunja majani mkononi, kisu kinapita karibu na kidole gumba. Hakuinua macho.

"Wameukata?" akauliza.

Basi nikalipuka. Nilimwambia kwamba ua ule ulikuwa wake. Kwamba nilikuwa nimekaa miezi nikipima jua linapoangukia ili apate mahali pa kuota joto. Kwamba amenitia aibu mbele ya kanisa, amenizunguka kwa simu kama mtoto mdogo. Nikamwambia kwamba yeye ni mwalimu, yeye ndiye aliyenifundisha radi ni nini, alinichorea mawingu ubaoni, leo anatuma watu wakate mti kwa ushirikina.

"Si ushirikina," akasema. "Nimefundisha hilo somo miaka yote. Najua fimbo ya chuma inavyofanya kazi."

"Basi?"

"Basi najua." Akaweka kisu chini. "Ulisema ni ua wa nyanya yako. Ulisema mbele ya watu wote."

"Nilisema, ndiyo. Najivunia."

"Nilikuwa na dada."

Mimi ni mtu mzima, nina watoto wanaovaa viatu vikubwa kuliko vyangu, na nilikuwa sijawahi kusikia kwamba mama yangu alikuwa na dada. Alinitajia jina lake. Silisemi hapa. Alilitamka kwa shida, kama mtu anayejaribu ufunguo kwenye kufuli la zamani.

"Mvua ilikuwa imeanza," akasema. "Mama alisema chakula kiletwe nyumba kubwa. Zamu ya kubeba ilikuwa yangu. Mimi nilikuwa naogopa ngurumo, nikajificha nyuma ya mlango wa jikoni. Dada akachukua sufuria akasema, kaa, nitakwenda mimi. Kulikuwa na mkaratusi mrefu hapo katikati. Hakufika."

Bomba lilikuwa linadondosha maji kwenye sinki. Alinyoosha mkono akalikaza.

"Kwa nini hukuniambia?" Nilipaza sauti, najua nilipaza, kwa sababu mwanangu mkubwa alifungua mlango wa chumba chake akaufunga tena.

"Nyumbani kwetu hakutajwa. Alizikwa upesi. Mama alisema kumtaja ni kuiita radi tena. Mkaratusi ulikatwa, ua ukafagiliwa, wewe ukazaliwa ukaukuta mtupu, ukacheza."

"Mama, nimeuchora ule ua kama ulivyokuwa. Jikoni kule, ukumbi huku. Nimekuuliza mara ngapi nyumba ya nyanya ilikaaje? Umenionyesha kwa mikono yako mwenyewe, hapa mezani!"

"Ulikuwa na furaha," akasema. "Nikasema nisiiharibu. Nikafikiri mti ukiondoka, inatosha."

Watu watataka niseme kwamba hapo hasira iliyeyuka, nikamkumbatia tukalia pamoja. Haikuyeyuka. Nilimkasirikia kwa kuninyamazia maisha yangu yote. Nilimkasirikia nyanya, aliye kaburini, kwa kufagia ua ule hadi ukawa mzuri. Niliukasirikia ule mwavuli wa Japani kando ya kila mlango. Nilimkasirikia profesa na machozi yaliyokaribia kumtoka kwa ajili ya mvua, kwa kuwa hakuna aliyemuuliza kama mvua ya yule mama wa chai ilikuwa imewahi kumchukulia mtu, na mimi pia sikuuliza. Mvua ni mmoja wa familia, sawa. Nani alisema familia haiui?

Jumatatu nilimwambia fundi asubiri. Kazini, mkuu wangu, ambaye alikuwa ameipenda sana michoro ya Crystal na alikuwa akiionyesha kwa wageni, aliposikia mti umekatwa alishika kifua. Akanieleza kwamba siku hizi unaweza kununua mwaloni uliokwisha kukomaa, ukaletwa kwenye lori na mizizi yake na kushushwa kwa winchi, na watu wasitambue tofauti.

"Sihitaji mti," nikamwambia.

"But the courtyard needs it," akasema. "Otherwise it's just a hole."

Nilimwambia shimo au si shimo, aniache nifanye kazi. Nikafungua mchoro, na kwa mara ya kwanza tangu nianze kazi hii nilichora kwa kukandamiza, karibu nivunje kalamu ya kompyuta. Niliufunika ua. Nilitia kuta pande zote mbili za njia ya kutoka jikoni, na juu yake nikaweka paa la mabati, yale ya mikunjo, ambayo hakuna msanifu wa Plymouth anayethubutu kuyataja mbele ya mteja. Dirisha nikaacha moja refu, upande wa asubuhi, na benchi chini yake. Anayetaka kuona maumbile atatoka nje. Mkuu wangu alipopita alitazama skrini akaendelea na safari yake, na hilo lilikuwa jambo la busara kuliko yote aliyofanya wiki ile. Lilikuwa jengo la kawaida sana. Lingeweza kuwa ghala. Wanaume wa kanisa watalipenda, na hata hivyo sijawasamehe, wala mandazi yao.

Nilikwenda nalo nyumbani likiwa limechapishwa kwenye karatasi kubwa, nikalitandaza mezani bila kumsalimu. Mama alikausha mikono kwa aproni. Hakuvaa miwani. Aliweka kidole kwenye mraba wa jikoni, anaijua michoro yangu sasa, akakisogeza polepole kwenye ile njia.

"Hapa juu kuna nini?"

"Mabati."

"Mpaka mlangoni?"

"Mpaka mlangoni."

Kidole kikaendelea, hakikuharakishwa, kikapita mahali ambapo kwenye mchoro wa kwanza palikuwa na mti, kikafika ukumbini kikasimama. Alikiacha pale.

"Basi hapa angefika," akasema.